Mwaka Mzima wa Bahari kwa Sekunde Tisa: Hotuba Kuhusu Kuugeuza Muda Kuwa Sauti

(Hotuba hii ilitolewa mbele ya walimu wa sayansi, wanafunzi na wapenzi wa muziki. Tumeiweka nzima kwa ajili ya waliokosa kufika. Picha zilizoonyeshwa ukutani tumeziacha.)

Waheshimiwa walimu, wazee wetu, vijana: mnaostahili shikamoo, shikamooni, na wengine habari za mchana.

Nianze na swali. Asubuhi ya leo, nani kati yenu aliamshwa na jicho? Nani alikuwa amelala fofofo, macho yamefumbwa, akaiona saa ndipo akaamka? Hayupo. Kilichowaamsha ni adhana, ni jogoo, ni mlio wa simu, ni mama aliyeita kutoka uani. Ramadhani ikiingia, ngoma ya daku hupita mitaani na watu huamka wakala. Muda tumeupokea kwa sikio tangu utotoni. Saa ya ukutani tulikuja kufundishwa shuleni.

Sasa, katika hadithi za kubuni kuna mtambo wa ajabu: unatia muda upande huu, sauti inatoka upande wa pili. Mwaka unaingia, wimbo unatoka. Msomaji hufunga kitabu akasema, laiti ungekuwepo. Ndugu zangu, sehemu kubwa ya mtambo huo mmeibeba mifukoni leo. Unahitaji vitu vitatu: kumbukumbu iliyoandikwa kwa vipindi vilivyo sawa, kompyuta ya kawaida, na mtu mwaminifu wa kutaja kasi. Hicho cha tatu ndicho adimu, na ndicho nitakachokirudia leo mpaka mchoke. Tajeni kasi.

Lakini kabla ya kompyuta, tuanze na mzinga.

Mwaka 1852 pale Edinburgh, Uskoti, waliweka tufe kubwa juu ya mnara ulio kilimani Calton. Kila siku, saa 7 kamili mchana, tufe lilidondoka, na manahodha waliotia nanga bandari ya Leith wakarekebisha saa zao za safari. Mpango mzuri, isipokuwa mji ule una ukungu. Siku ya ukungu tufe linadondoka na hakuna anayeliona. Kwa hiyo mwaka 1861 wakaongeza mzinga kwenye ngome ya mji, ukipigwa saa ile ile. Sauti haizuiwi na ukungu.

Je, tatizo likaisha? Halikuisha. Sauti nayo husafiri. Kwenye hewa ya nyuzi 20 huenda mita 343 kwa sekunde. Kwenye joto la pwani yetu la nyuzi 30 huenda karibu mita 349. Kila kilomita moja inakula karibu sekunde 3. Aliye kilomita 4 kutoka ngomeni anausikia mzinga sekunde 11 au 12 baada ya kupigwa. Basi mwaka ule ule ikachapishwa ramani ya mji yenye miduara kuizunguka ngome, kila mduara ukionyesha sekunde za kupunguza.

Mtu atauliza: sekunde 12, kitu gani? Mwulizeni nahodha. Dunia huzunguka digrii 15 kwa saa, kwa hiyo sekunde 4 za kosa kwenye saa ni dakika moja ya longitudo, na karibu na ikweta hiyo ni maili moja nzima ya bahari. Sekunde 12 ni maili 3. Maili 3 zinatosha kukupandisha juu ya mwamba usiku.

Kosa la namna hiyo linaendelea leo. BBC ilianza kurusha milio sita ya saa tarehe 5 Februari 1924. Kila mlio ni wa hezi 1,000, yaani mitetemo 1,000 kwa sekunde. Mitano ni mifupi, ya sehemu ya kumi ya sekunde, na wa sita siku hizi ni wa nusu sekunde. Saa kamili ni pale mlio wa sita unapoanza, wala si pale unapoisha. Na ukiisikiliza redio hiyo kwa njia ya intaneti, mlio unaweza kukufikia umechelewa sekunde nyingi. Usirekebishe saa kwa mlio wa intaneti. Tuliache hilo, tuendelee.

Hadi hapo nimesema juu ya sauti inayotangaza saa. Mtambo wa hadithini hufanya zaidi: huchukua kipande cha muda chenyewe na kukifanya kisikike. Hilo linawezekana vipi?

Sauti ni nini? Ni hewa inayosogea mbele na nyuma, na sikio la binadamu hupokea mitetemo kuanzia kama 20 kwa sekunde hadi 20,000 kwa kijana. Sisi wa umri tumepoteza ile ya juu. Chini ya 20, kitu kinatetemeka lakini sikio halikikusanyi kuwa sauti moja. Bahari hupanda na kushuka karibu mara mbili kwa siku. Hilo ni tetemeko kama lilivyo la uzi wa gambusi, ila ni la polepole mno. Ukilichapua vya kutosha, linakuwa sauti. Hakuna kinachoongezwa wala kupunguzwa. Kinachobadilika ni kasi tu.

Na kwa nini tujisumbue, ikiwa grafu ipo? Kwa sababu sikio ni hodari wa muda kuliko jicho. Sinema huonyesha picha 24 kwa sekunde, na jicho linadanganyika kwamba ni mwendo mmoja. Sikio halidanganyiki kirahisi hivyo: pengo la sehemu 3 za elfu za sekunde ndani ya sauti, wengi wetu tunalihisi. Mpiga ngoma akichelewa kidogo, hata mtoto anageuka kumtazama.

Ila hapa pana mtego, na nitausimulia kwa mfano wa Bahari ya Pasifiki. Mwaka 1997 vinasa sauti vya shirika la Marekani la bahari na hewa, NOAA, vilivyotundikwa chini ya maji, vilinasa mngurumo mkubwa. Ulisikika na vinasa vilivyoachana zaidi ya kilomita 3,000. Sauti ikasambazwa, na kila aliyeisikia alisema: hicho ni kiumbe. Kimeguta kama mnyama anayefungua kinywa majini. Watu wakaanza kukisia mnyama mkubwa kuliko nyangumi.

Walikuwa wanasikiliza nini? Walikuwa wanasikiliza kumbukumbu iliyochapuliwa mara 16. Kitu kilichochukua kama dakika moja kilisikika kwa sekunde chache, na mngurumo mzito ukapanda oktava nne (kila oktava ni mitetemo kuongezeka mara mbili) hadi mahali panapofanana na koo la mnyama. Baadaye ilieleweka kuwa ilikuwa barafu kubwa ikipasuka upande wa Antaktika. Faili halikuwa la uongo, na kuchapua kulikuwa halali kabisa. Lakini namba 16 ilidondoka njiani, faili likatembea bila namba yake, na mnyama akazaliwa masikioni mwa watu.

Tajeni kasi.

Linganisheni na tarehe 14 Septemba 2015. Saa 6 na dakika 50 mchana kwa saa zetu za Afrika Mashariki, mitambo miwili ya LIGO nchini Marekani, kila mmoja na mikono miwili ya kilomita 4, ilinasa wimbi la mvutano, yaani mtikisiko wa anga lenyewe, kutoka kwa mashimo meusi mawili yaliyogongana kiasi cha miaka ya nuru bilioni 1.3 kutoka hapa. Wimbi lilianza kuonekana kwenye hezi 35 likapanda hadi kama hezi 250 kwa muda wa sekunde 0.2 tu. Angalieni namba hizo. Tayari zimo ndani ya usikivu wa binadamu! Hapakuhitajika kuchapua hata kidogo. Kilichohitajika ni kukuza na kusafisha kelele. Na mtambo wa Livingston ulilisikia sehemu 7 za elfu za sekunde kabla ya ule wa Hanford. Kwa tofauti hiyo wakakadiria upande wa anga ambako lilitoka. Ni jambo lile lile la miduara ya Edinburgh, safari hii kwa kasi ya nuru.

Hata hivyo, sauti ya tukio hilo iliyozunguka sana ina nakala mbili. Moja ni kasi halisi, mvumo mfupi mzito. Ya pili imepandishwa juu makusudi kwa kuwa spika ndogo haziwezi sauti nzito, na hiyo ndiyo inayolia kama kifaranga. Waliotoa nakala hizo walisema wazi ipi ni ipi. Ndivyo inavyotakiwa.

Sasa, walimu wangu, tufike nyumbani. Tuisikilize bahari.

Sisi watu wa pwani tuna maneno ambayo wataalamu wengi wangeyatamani: bamvua na maji mafu. Mwezi ukiandama na mwezi ukiwa mpevu, jua na mwezi huvuta kwa pamoja, maji hujaa sana na kupwa sana: bamvua. Zanzibar tofauti ya kujaa na kupwa siku hizo hufika karibu mita 4. Katikati ya hapo ni maji mafu. Akina mama wanaolima mwani Paje na Jambiani hawahitaji grafu. Bamvua inawafungulia shamba na maji mafu yanalifunga. Swali langu ni hili: je, mwaka wao wa kazi unaweza kusikika?

Unaweza, na nitawapa hatua zote.

Kwanza, data. Chuo Kikuu cha Hawaii kina kituo cha usawa wa bahari kinachotoa bure kumbukumbu za vipimamaji vya bandari nyingi duniani, Zanzibar na Mombasa zikiwemo. Chukueni ile ya kila saa. Mwaka mmoja una saa 8,760, kwa hiyo mtapata namba 8,760, kila moja ikisema kina cha maji kwa milimita. Ni faili dogo kuliko picha moja ya simu.

Pili, mapengo. Kifaa huharibika, umeme hukatika, na mahali pasipo na kipimo huwekwa namba ya kuashiria, kwa mfano 9999 au -32767. Kompyuta haijui kwamba hiyo ni alama. Itaichukua kuwa ni kina cha maji. Mkiiacha, mkakuza sauti ili kilele kikubwa kifike juu, bahari yote inakuwa mnong'ono na pengo moja linapiga kama risasi. Mwanafunzi akikuletea faili lenye ukimya na mlipuko mmoja, usitafute kosa kwenye spika. Tafuta 9999.

Pengo la saa mbili au tatu, lijazeni kwa mkunjo laini kati ya namba zilizo pande zote mbili. Pengo la siku kadhaa, wekeni ukimya wenye urefu ule ule. Lakini msifute mistari, nawasihi. Ukifuta saa 40 ukaunganisha kingo, umeuiba muda. Wimbi linaruka, sauti inakatika kwa kishindo, na kila kinachofuata kimesogea saa 40. Ukimya ni kipimo halali. Muda uliofutwa haurudi.

Tatu, ondoeni wastani. Kina cha maji hupimwa kutoka alama fulani chini, kwa hiyo namba zote zinaelea juu ya sifuri. Spika inataka kwenda mbele na nyuma ya sifuri. Tafuteni wastani wa mwaka, mtoe kwenye kila namba. Msipofanya hivyo, faili linaanza na kuisha kwa mgongano, na nusu ya nguvu inapotea bure.

Nne, kuzeni. Faili la biti 16 linabeba namba kutoka -32,768 hadi 32,767. Kilele chenu kikubwa kiwe kama 29,000, msijaze hadi ukingoni. Mwanzoni na mwishoni sauti ipande na kushuka kwa sehemu 50 za elfu za sekunde.

Tano, kasi. Hapa ndipo utamu ulipo. Mkicheza namba 1,000 kwa sekunde, kila saa ya bahari inakuwa sehemu moja ya elfu ya sekunde. Mwaka unakwisha kwa sekunde 8.8. Mwezi huivuta bahari kwa mzunguko wa saa 12 na dakika 25. Kwa kasi hiyo unakuwa hezi 80, sauti nzito kama ya ngoma kuu. Jua huvuta kwa mzunguko wa saa 12 kamili. Hiyo ni hezi 83. Na wapiga vyombo mliomo humu mnajua: sauti mbili zilizo karibu hivyo zikilia pamoja hutoa nini? Hutoa mapigo. Sauti inavimba na kunywea, inavimba na kunywea, karibu mara 3 kwa sekunde.

Kila uvimbe huo ni bamvua. Kila unyweaji ni maji mafu.

Ndiyo kusema kwamba nyuzi mbili zilizokosa kulingana kidogo zinapiga bamvua yao, na bahari ni nyuzi mbili zilizokosa kulingana kidogo. Ni tukio moja. Sikumaanisha mfano; ni hesabu ile ile.

Sikilizeni zaidi. Mapigo hayo hayalingani: moja nzito, linalofuata jepesi. Kwa nini? Mwezi hukaribia dunia kila baada ya siku 27 na nusu, na bamvua inayoangukia karibu na siku hizo huwa kubwa. Ikiwa sasa bamvua nzito ni ya mwezi mwandamo, baada ya kama siku 206 itakuwa ya mwezi mpevu. Katikati ya hapo kuna kipindi mapigo yanalingana, halafu uzito unahamia upande wa pili. Sekunde 8.8, na mpigo unageuka ndani yake. Halafu kwenye sekunde ya 2 na kwenye sekunde ya 6 na kidogo, mapigo yote yanakuwa makubwa: hiyo ni Machi na Septemba, jua likiwa juu ya ikweta.

Kuna wimbi jingine la miaka 18.6 linalotokana na kuyumba kwa njia ya mwezi. Miaka 20 ya data itacheza kwa dakika karibu 3, na mtu atatamani kulisikia. Hamtalisikia. Linabadilisha uvutaji wa mwezi kwa chini ya asilimia 4 huku na huku, na sikio halishiki badiliko dogo hivyo la polepole. Hilo liachieni grafu. Sikio nalo lina mpaka wake.

Sita, na hapa wengi hukwama: faili la namba 1,000 kwa sekunde, simu nyingi hulikataa. Zinataka 8,000 au zaidi. Kwa hiyo kati ya kila namba mbili ongezeni nyingine 7. Mkirudia tu namba ile ile mara 8, mtasikia mluzi wa kukera karibu na hezi 920, ambao haumo baharini kabisa. Ni ngazi mlizozijenga wenyewe. Mkiunganisha kwa mistari iliyonyooka, mluzi unapungua lakini bado upo. Tumieni mkunjo laini. Programu za bure kama Audacity hufanya hivyo zenyewe mkiziagiza zibadilishe kiwango cha sampuli, yaani idadi ya namba kwa sekunde.

Na spika ya simu haiwezi hezi 80. Atakayesikiliza kwa simu atasema hakuna kitu. Avae hedifoni, au achague kasi ya namba 4,000 kwa sekunde: mwezi unapanda hadi hezi 322, bamvua zinapiga 11 kwa sekunde, bado zinahesabika kwa sikio kama mtetemo. Kwa 8,000 zinafika karibu 23 kwa sekunde, na hapo bamvua haisikiki tena kuwa pigo. Imekuwa ukavu wa sauti, kama filimbi iliyopasuka. Kwa kasi hiyo maji mafu yamepotea. Ndiyo maana nasema kasi ni sehemu ya kipimo.

Kuna kosa moja ambalo ni letu wenyewe, sisi tunaohesabu saa kwa Kiswahili, na sitaki litupite.

Siku za bamvua Zanzibar na Dar es Salaam, maji hujaa karibu saa 10, jioni na alfajiri, na hupwa karibu saa 4. Kila mvuvi anajua. Sasa mtu anaandika daftarini kwa mkono: maji yamejaa, saa 10. Kijana anaingiza kwenye kompyuta: 10:00. Kompyuta inaelewa saa 4 asubuhi yetu. Saa 6 zimepotea. Na saa 6 kwenye bahari ni nini? Kutoka maji kujaa hadi kupwa ni saa 6 na dakika 12. Kijana yule amegeuza maji kujaa kuwa maji kupwa! Amepindua bahari juu chini kwa kosa la tafsiri ya saa.

Daftari lote likigeuzwa hivyo, sikio halitagundua, kwa sababu wimbi lililopinduliwa linalia sawa na lililosimama. Nusu yake ikigeuzwa, mtasikia mkato mkali pale mwandishi alipobadilika. Kwa hiyo kabla ya kusikiliza, pimeni hivi: chagueni siku moja ya mwezi mpevu, mtazame faili linasema maji yamejaa saa ngapi. Data za kimataifa huandikwa kwa saa ya Greenwich, ongezeni 3 mpate ya hapa: kujaa kuonekane karibu na 16:00. Mkikuta karibu na 10:00, rudini kwenye daftari.

Kwa wanafunzi wa darasa la chini kuna njia nyingine, rahisi kueleweka. Acheni mwendo wa maji uongoze wembamba wa sauti: maji yakipwa kabisa, hezi 220, yakijaa kabisa, 880. Siku moja ichukue sekunde 2, mwezi mzima dakika moja. Sauti inapanda na kushuka karibu mara moja kila sekunde. Wakati wa bamvua inafagia oktava mbili nzima, wakati wa maji mafu inacheza katikati tu. Watoto hufuata kwa mikono bila kufundishwa.

Njia hii ina makosa mawili ya kuangalia. Maji yakiwa nusu, sauti iwe 440, siyo 550. Anayegawa kwa mstari ulionyooka atapata 550, na sikio litaamini maji yamefika theluthi mbili, kwa kuwa sikio huhesabu kwa kuzidisha. Kosa la pili: msichukue saini (ile sine ya hesabu) ya hezi ya sasa ikizidishwa kwa muda wote uliopita tangu mwanzo. Kila hezi inapobadilika, wimbi litaruka, na mtapata mikwaruzo badala ya king'ora laini. Wekeni kumbukumbu ya mahali wimbi lilipofikia, na kila sampuli iongeze hatua ndogo juu ya pale. Mstari mmoja wa programu, lakini wengi hupoteza siku nzima kuutafuta.

Jambo langu la mwisho ni zito zaidi. Kisichoandikwa hakisikiki.

Tarehe 26 Desemba 2004, saa 9 na dakika 58 usiku kwa saa zetu, ardhi ilitikisika pwani ya Sumatra. Tsunami ikavuka Bahari ya Hindi yote na kufika kwetu mchana. Kenya fukwe ziliondolewa watu. Dar es Salaam watu walikufa wakiogelea, na Somalia walikufa wengi zaidi. Vipimamaji vya pwani yetu vilikuwepo. Je, mkichukua data ya kila saa ya siku hiyo mkaigeuza kuwa sauti, mtaisikia tsunami?

Hapana. Mawimbi ya tsunami huja kwa dakika kadhaa hadi dakika makumi. Anayepima mara moja kwa saa hawezi kuona chochote kinachozunguka kwa muda mfupi kuliko saa 2. Na kuna baya zaidi ya kutokuona: wimbi la dakika 40 likipimwa kila dakika 60, linajitokeza kwenye data kama wimbi la saa 2. Mtasikia kitu, na mtaapa kwamba ni cha kweli, kumbe ni kivuli. Hakuna chujio la kukiondoa baadaye. Dawa ni moja: kupima kwa haraka tangu mwanzo, kila dakika au chini ya hapo. Kwa vipimo vya kila dakika, vikichezwa namba 1,000 kwa sekunde, siku nzima inapita kwa sekunde 1.4, wimbi la dakika 20 linakuwa hezi 50 na la dakika 10 linakuwa hezi 100. Kujaa na kupwa kunazama chini ya usikivu, na kinachobaki kusikika ni tsunami peke yake. Kwa hiyo mkiulizwa kama sauti hii inasaidia chochote, waulizeni kwanza wao wanapima mara ngapi.

Meza za mazoezi ziko upande wa kushoto. Kila meza ina kompyuta moja, hedifoni mbili, na faili la mwaka mmoja wa Zanzibar lenye mapengo matatu tuliyoyaacha makusudi. Wenye simu peke yake waanze na kasi ya 4,000. Mkimaliza, jina la faili liwe na bandari, mwaka, kipindi cha kupima na kasi: kwa namba 1,000 kwa sekunde, andikeni "mara 3,600,000", maana kila saa ya sekunde 3,600 mmeibana ndani ya sehemu moja ya elfu ya sekunde. Faili lisilo na namba hiyo hatutalipokea mezani. Karibuni tuanze na Machi.